Herufi Niliyoisahihisha kwenye Mkebe wa Nalongo

Jamani, kuna aibu mtu anazikwa nayo kimyakimya na kuna aibu inayotembea mtaani kwa miguu yake, na hii yangu ni ya namna ya pili, maana mpaka leo nikipita Mengo kuna muuza chapati ananipigia kelele, "Kamusi, leo umepiga kula?" halafu anashika mbavu. Basi bora niwasimulie mwenyewe, ndugu zangu, msije mkaipata kwake ikiwa imetiwa chumvi (ingawa sijui angeitia wapi, chakula chenyewe kilikuwa kimekolea tayari).

Kamusi ni mimi. Jina langu ni Muhsini, ila kazini waliniita Kamusi, na nilidhani wananisifu. Kwetu ni watu waliokuja na biashara kutoka pwani zamani hizo, duka letu liko Mengo tangu babu, na Kiswahili nimekinyonya. Wengi hapa Kampala wamekiokota sokoni au kambini, sasa mimi nikajifanya trafiki wa lugha. Mtu akiniambia "habali" namsimamisha hapohapo, namrudisha nyuma, namwambia sema "habari", hata kama kaja kunipa taarifa ya msiba. Waganda r na l kwao ni mtu na pacha wake, wanabadilishana nguo wapendavyo, na mimi nilijiona nimezaliwa kuwatenganisha.

Kazi yangu ni kutafuta picha za zamani zinazotembea, yaani mikanda ya filamu iliyosahauliwa makabatini na chini ya vitanda, naiokoa kabla haijaoza, halafu naipeleka kwa wanaotengeneza filamu mpya. Wakati huo nilikuwa nafanya kazi na Birungi, mwongozaji wa filamu, dada mkali kutoka upande wa Mbarara (kwao l haipo kabisa, kila kitu r, na yeye pia nilikuwa namsahihisha, ila kwa adabu maana ndiye bosi). Birungi alikuwa anatengeneza filamu juu ya watu wa kawaida walivyoishi miaka ile ya kuukaribia uhuru, na kila alichopata kutoka maghala ya Ulaya kilikuwa gavana anashuka ndege, gavana anakagua gwaride, gavana anapunga mkono. Siku moja akanigeukia akasema, "Kamusi, watu wangu wako wapi? Nitafutie mtu mmoja tu ambaye hajavaa kofia ya manyoya."

Nikamtafutia. Nikaulizia misikitini, makanisani, kwa wapiga picha wazee, mpaka fundi viatu mmoja wa Mengo, mzee Kato, mtu mkimya mwenye ndevu nyeupe, akaniambia mama yake ana mkebe wa filamu chini ya kitanda. Mama yake ndiye huyo Nalongo. Kwetu mama aliyezaa pacha anaitwa Nalongo, na akishaitwa hivyo jina alilopewa na wazazi linasahaulika. Ni bibi wa miaka themanini na kitu, mjane wa askari polisi, na Kiswahili chake ni kile cha kambi ya polisi, hakina mambo mengi.

Akauvuta ule mkebe wa bati, nikafungua kifuniko kidogo tu, harufu ya siki ikanipiga puani. Wajukuu walikuwa wanadhani bibi kaficha achari. Mimi nikakifunga upesi, maana mkanda ukinuka siki ujue umeanza kujila wenyewe, unanywea, unakunjamana, mwisho unabaki vipande vya kuzoa na ufagio. Na juu ya kifuniko, kwa rangi nyeupe na mwandiko ulionyooka, palikuwa pameandikwa: SIKU YA KULA.

Nikatabasamu peke yangu. Nikajisemea, masikini, na huyu marehemu naye!

"Nalongo," nikamwambia, "hii ni siku ya kura?"

"Eeh, ssebo. Kula."

"Kura za wakati wa uhuru?"

"Uhulu ulikuwa kalibu."

"Watu walikuwa wengi?"

"Banange! Mstali mulefu, kutoka geti mpaka nyumba ya mukubwa."

"Masanduku yalikuwepo?"

"Ilikuwepo. Imejaa mpaka juu."

"Na polisi?"

"Polisi ndiyo ilikuwa inapanga watu. Wewe sukuma mwenzako, unaona fimbo."

Nikasogea karibu, nikashusha sauti kama mpelelezi. "Hakukuwa na udanganyifu, Nalongo?"

Akacheka mpaka akajifuta macho na ncha ya gomesi, lile vazi refu la Waganda. "Wengine walirudi mala mbiri! Sajenti moja alipiga kula mala tatu, tena mukubwa anamwona!"

Mnaelewa nilichosikia mimi? Nikaandika kwenye daftari langu kwa herufi kubwa: WIZI WA KURA, SHAHIDI YUPO HAI. Nilishaiona filamu ya Birungi inaanza, nilishaliona jina langu likipanda kwenye skrini, na yule bibi alikuwa bado anazungumza na mimi sikuwa namsikiliza vizuri. Nilichosikia nusunusu ni hiki, nakirudia kwa maneno yake kwa sababu ndicho kilichokuwa cha maana kuliko vyote:

"Mimi ile ya kula siyo shida yangu. Mimi nataka Wasswa, pacha wa huyu Kato. Wasswa na Kato wote wawiri wako ndani ya hiyo firamu. Wasswa alikufa na sulua mwezi uliofuata, na picha yake sina hata moja. Baba yao alipiga, ikatumwa mbali kusafishwa, ikaludi, lakini mashine ya kuonyesha hatukuwa nayo. Hakuna mutu amewahi kuiona. Huyu Kato anajiangalia kwa kioo ananiuliza, Mama, yule alikuwa kama mimi? Sasa mimi nasahau. Wewe chukua, lakini siku ya kwanza kuionyesha, mimi na Kato tukae mbele."

Nikaapa kwamba watakaa mbele. Kato alikuwa amesimama mlangoni, anafutafuta mikono yenye gundi ya viatu. Lakini nilipotoka barazani nikatoa kalamu ya wino mzito (haifutiki hiyo, nilinunua makusudi kwa kuwekea alama mikebe), nikaikata ile L ya marehemu, juu yake nikaandika R safi, yenye mkia.

"Kosa dogo tu la mzee," nikamwambia Kato.

Kato akautazama mkebe, akanitazama mimi. "Baba alikuwa kalani wa polisi," akasema polepole. "Mukubwa balua zake zote alikuwa anaandikiwa na baba."

"Hata makarani huteleza, mzee wangu," nikamjibu, nikampigapiga begani. Begani! Mtu mwenye umri wa baba yangu mdogo! Nikikumbuka lile bega natamani ardhi ipasuke.

Basi nikampigia Birungi, akaruka. "Kura kabisa?" "Kura kabisa!" (kwake maneno yote mawili yanatoka sawa, kwa hiyo hapo pia msaada haukuwepo). Nikamwambia zaidi: kuna mama wa pacha kwenye mstari na watoto wake mgongoni, anakwenda kupiga kura. Hilo hakuniambia mtu, nilijitungia njiani. Birungi akabomoa mwanzo wa filamu yake akaupanga upya, akasema siku ya kuuonyesha mkanda huu aalike watu, na kati ya wageni akamwalika mzee mmoja mstaafu aliyesimamia uchaguzi karibu maisha yake yote, awe mgeni rasmi.

Mkanda wenyewe nikaupeleka Bugolobi kwa Kizito, fundi wetu wa mikanda, mkono mtulivu kuliko wa daktari wa macho. Akaukagua kwa glavu nyeupe, akatikisa kichwa. Matundu ya pembeni yamechanika, mkanda umenywea, utapita kwenye mashine ya kunakili mara moja tu, ukikatika ndio basi, hao watu waliomo ndani wamekwenda. Nikamwambia Kizito, fanya uwezavyo, hii ni filamu ya kura. Akaitikia, "Sawa, ya kula." Wiki mbili akaushona tundu kwa tundu na ule utepe mwembamba, na mimi nikamkataza asimwonyeshe mtu, hata mimi nisione, nataka siku hiyo tushangae wote pamoja. Asubuhi ya onyesho akaniandikia kwenye simu: "Firamu iko tayali. Mkanda haujakatika. Kula inaonekana vizuli sana."

Nikaisoma nikacheka. Tayali! Vizuli! Nikamjibu: "Tayari, vizuri, kura. Jifunze." Akanitumia kidole gumba.

Jumamosi ile alasiri ukumbi ulijaa. Nalongo mstari wa mbele na gomesi ya kijani, Kato pembeni yake na koti ambalo nadhani alilivaa siku aliyooa, mgeni rasmi na suti ya kijivu, Birungi anazunguka anakosa pa kukaa. Mkanda hauna sauti, na mimi kwa kiherehere changu nikasema nitaueleza kwa kipaza sauti unapokwenda, nani mwingine anaweza? Nikapanda, nikakohoa, nikasema maneno ambayo Kizito ameyarekodi na anayo mpaka kesho: "Mabibi na mabwana, leo mtaona kwa mara ya kwanza wazee wetu wakitumia haki yao. Tazameni mikono yao itakavyochagua!"

Taa zikazimwa. Na Mungu alivyotaka kunimaliza, picha ya kwanza ilikuwa mstari. Mstari mrefu, jamani, askari na wake zao na watoto, watu wamenyooka, polisi mwenye fimbo anapanga. Nikapanda sauti. "Mnaona nidhamu hiyo! Hakuna anayesukuma! Kila mtu anajua anachokwenda kufanya!" Watu wakapiga makofi. Mgeni rasmi akaitikia kwa kichwa. "Na kule mbele," nikasema, "sasa tunakaribia sanduku lenyewe."

Kamera ikakaribia. Lilikuwa sufuria.

Sufuria kubwa ya pilau, mvuke unapanda, na nyuma yake sajenti mnene kakunja mikono ya shati kashika upawa. Mkono wa kwanza ukaingia kwenye sinia la nyama, ukasita, ukageuza kipande, ukageuza kingine, ukachagua mfupa wenye nyama nyingi. Nami badala ya kunyamaza (mdomo wangu haukuwahi kujua pa kuishia) nikasema, "Naam... kabla ya kupiga kura, wananchi walipata kwanza chakula kidogo."

Sauti ya mtu nyuma: "Mgombea ni nani, nyama?"

Kicheko cha kwanza kikapasuka. Nikashikilia. Nikasema masanduku yanakuja, subirini masanduku, nimehakikishiwa masanduku. Yakaja. Makreti ya soda, yamepangwa mpaka juu. Kisha yule sajenti akaacha upawa, akazunguka, akajipanga mwenyewe na sahani, akapakuliwa, akala akiwa amesimama, akarudi tena, na mgeni rasmi akanyoosha kidole kwenye skrini akasema kwa sauti ya kazini, "Huyo amepiga kura mara ya pili." Hapo ukumbi ulikwisha. Watu walilala kwenye viti. Mimi nikanong'ona, "Yarabi, nimekwisha," na kipaza sauti kilikuwa mdomoni, kikaupeleka mnong'ono huo mpaka kwa mlinzi wa getini.

Sikuthubutu kumtazama Birungi. Jasho lilinitiririka mpaka ndani ya soksi, nikaanza kurudi kinyumenyume kuutafuta mlango, nikiwaza miezi yake yote ya kazi, na wageni wake, na vile nilivyomwambia "kura kabisa". Nilikuwa nimeshika kitasa niliposikia kicheko kimekatika.

Kamera ilikuwa imehama kwenye sufuria, imekwenda kwenye mkeka. Mwanamke kijana, mzuri ajabu, anatazama pembeni kwa haya, na mbele yake watoto wawili wa miaka kama miwili, wamefanana kama macho ya mtu mmoja, sahani moja katikati yao. Mmoja ameshika kipande cha nyama, anakitazama, anakifurahia. Mwenzake akanyoosha mkono wa kushoto, akakichukua, akakitia mdomoni chote. Yule aliyeporwa akautazama mkono wake mtupu, akainua macho kwa baba yake aliyeshika kamera, akafungua mdomo akalia.

Kato akasimama. Yule mzee ambaye sikuwahi kumsikia akisema maneno kumi kwa mfululizo alisimama ukumbi mzima ukimwona, akapiga ukelele, "Mama! Ananiibia nyama!"

"Ndiye!" Nalongo naye akasimama. "Ndiye huyo wa kushoto! Wasswa wangu! Kila siku alikuwa anakunyang'anya, namuchapa huo mukono, harafu anakuja kwako tena!"

Nasema kweli, sijui nani hakulia. Kato alikuwa analia na kucheka kwa pamoja, akasogea mpaka kwenye skrini, kivuli chake kikaangukia pale mkekani, akaweka kiganja chake cha fundi viatu kwenye uso wa yule mtoto mwizi, akasema, "Kumbe ni wewe. Kumbe ni wewe." Nakala ikaisha. Birungi akapaza sauti, "Kizito, rudisha!" Kizito akarudisha. Tukaiangalia ile nyama ikiibwa mara nne, na kila mara Kato akashangilia kama ni mara ya kwanza, na mara ya nne ukumbi wote ukapiga kelele naye, "Ananiibia!"

Mgeni rasmi akakunja leso yake iliyolowa, akaomba kipaza sauti. "Nimesimamia chaguzi nyingi," akasema. "Huu ndio wa kwanza kuona kila mtu ametoka ameshiba." Makofi aliyopigiwa yalitikisa mabati.

Nikadhani nimepona. Nalongo akapanda jukwaani akiwa na ule mkebe, akauinua juu chini ya taa, kila mtu akaiona ile L iliyokatwa na R yangu yenye mkia. "Nani ameharibu mwandiko wa mzee wangu?" akauliza. (Na "ameharibu" alilitamka sawasawa, na r yake safi, sijui hasira ndiyo iliyomnyoosha ulimi.) Nikainua mkono kama mwanafunzi. "Mzee wangu aliandika kula," akasema. "Ilikuwa karamu ya watoto wangu. Kambi nzima ilikuja kula kwa ajili ya pacha wangu. Sasa wewe unajua kula yetu kuliko sisi?"

Nikapiga magoti mbele yake kama tunavyowapigia wazee wetu hapa, nikaomba radhi kwake, na kwa Kato, na kwa marehemu karani ambaye hakuteleza hata herufi moja. Akaniacha nikae hapo magotini kitambo, watu wananipiga picha na simu, kisha akanigusa kichwa. "Kale, basi, simama. Umeniletea mutoto."

Birungi alinikuta nyuma ya jukwaa nimejificha kwenye pazia. Nikajua ndio ninafukuzwa. Akanishika mashavu yote mawili. "Nirikuambia niretee watu," akasema, "ukareta watu. Firamu tunafungua na hii, kura ya nini? Magavana hawana hii! Urembo wote wa Uraya hauna hii!" Alikuwa amechanganyikiwa kwa furaha hata maneno yanagongana, na safari hii sikumsahihisha hata moja. Ule mkeka na ile nyama ndivyo vinavyofungua filamu yake, na kila inapoonyeshwa watu wanacheka, halafu wananyamaza, halafu wanauliza yule aliyeibiwa yuko wapi. Yuko Mengo, anashona viatu, na ukutani kwake ametundika picha moja iliyotolewa kwenye mkanda, kubwa kama dirisha.

Mimi nilijifunza nini? Kwanza, kalamu ile niliivunja. Pili, mkebe wa mtu hauandikwi juu, unanakiliwa kama ulivyo, na kama unaona kosa unauliza kwanza kama kosa si lako. Tatu, nimejiuzulu utrafiki. Mtu akiniambia "habali" namjibu "nzuli" na maisha yanaendelea.

Mwezi uliopita tuliuhamishia mkanda wa asili kwenye boksi jipya la kuukinga, liwekwe mahali penye baridi, na boksi lilihitaji jina. Nalongo alikuja mwenyewe, na sufuria ya pilau, maana alisema haiwezekani siku ya kula kuwekwa ndani watu wana njaa. Wakanipa mimi kalamu, makusudi, wote wamesimama nyuma yangu, Birungi, Kizito, Kato na simu yake inarekodi. Nikaandika SIKU YA KU, nikaishia hapo.

"Nalongo," nikauliza, "niandike herufi ipi?"

Alikuwa ameshapakua. Akanisogezea sahani, akachagua kipande kikubwa cha nyama akakiweka juu, na kabla sijakigusa Kato akanyoosha mkono wa kushoto akakichukua.